Mwanangu Anasubiri Kitambulisho Mwaka wa Tatu Sasa: Je, Mahakama Inaweza Kuishurutisha Serikali Ijibu?

*"Assalam aleikum wakili. Mwanangu wa kiume ametimiza miaka 21. Aliomba kitambulisho hapa Malindi miaka miwili na ushei iliyopita. Akachukuliwa alama za vidole, akahojiwa na kamati ya wazee, akapewa ile karatasi ya kusubiria. Tangu hapo ni njoo kesho, faili liko Nairobi, mtandao umelala. Mimi nina kitambulisho cha Kenya na marehemu babake alikuwa nacho. Mtoto amezaliwa hospitali ya hapa hapa na cheti cha kuzaliwa anacho. Jirani ameniambia iko amri ya mahakama inayoilazimisha serikali itoe kitambulisho kwa siku chache, basi niuze mbuzi nimlipe wakili. Kuna kijana mwingine huzungukazunguka pale ofisini anasema nitoe kitu kidogo yaishe. Na mimi naogopa nikiishtaki serikali mwanangu asije akawekewa alama, akose kabisa. Nifanye nini?"*

Waaleikum salaam mama. Pole sana, na pole nyingine umpe huyo kijana. Najua maana ya kuwa na miaka 21 bila kitambulisho katika nchi hii: laini ya simu si yako, M-Pesa unatumia ya mama, kura hupigi, kazi ya halali hupati, na ukikutana na askari jioni unajieleza kama mgeni katika mtaa uliozaliwa. Kwa hiyo swali lako ni la haki ya mtu kuhesabiwa kuwa yuko, wala si la karatasi tu. Nitakujibu kwa kirefu, kwa sababu jirani yako amekwambia jambo la kweli nusu, na ile nusu nyingine ndiyo inayoweza kukupotezea mbuzi wako.

Amri hiyo ipo. Mawakili huiita mandamus, yaani amri ya kushurutisha. Mahakama Kuu humwambia afisa wa umma: sheria imekupa kazi hii, mwananchi huyu ana haki ya kufanyiwa kazi hii, nawe umekaa nayo bila sababu; basi ifanye. Ni amri yenye nguvu, na haibagui cheo. Lakini tazama inachosema: ifanye kazi yako. Haisemi kila mara: mpe huyu anachokitaka. Aliyenyamaziwa mahakama humpatia jibu, na jibu hilo laweza kuwa ndiyo au hapana.

Mahakama ya Rufani ya Kenya ililieleza hili vizuri mwaka 1997 katika kesi ya Baraza la Mitihani la Kenya. Majaji walisema amri ya kushurutisha humlazimisha mtu kutimiza wajibu aliowekewa na sheria, lakini sheria ikimwachia afisa uamuzi wa namna ya kuutimiza, mahakama haiwezi kumchagulia namna hiyo. Wakaongeza jambo ambalo watu wengi hulipuuza: kama wajibu umekwisha kutekelezwa lakini vibaya, amri hii si dawa yake, kwa kuwa haiwezi kufuta kilichokwisha kufanyika. Maana yake kwako ni kwamba, iwapo msajili tayari amekataa ombi la mwanao, hata kama hajakuonyesha barua, kumwomba jaji amshurutishe "aamue" ni kupiga hewa. Kukataa nako ni kuamua. Hapo utahitaji kwanza amri ya kutengua uamuzi ule, ndipo ifuate ya kushurutisha. Kwa hiyo kazi yetu ya kwanza ni kujua faili la mwanao limelala wapi, na kama limelala tu au limezikwa.

Kesi ya mwanao ina nguvu ambayo kesi nyingine hazina, na hili nataka ulielewe vizuri kuliko lolote. Yako maombi ambayo sheria inampa mkubwa serikalini uhuru wa kupima. Mgeni aliyeishi hapa miaka mingi akaomba kuandikishwa uraia, kwa mfano, hupimwa, na Waziri ana nafasi ya kusema hapana kwa sababu za kisheria. Mahakama ikiingia hapo, mara nyingi itasema tu: mjibuni kufikia tarehe fulani. Lakini Ibara ya 14 ya Katiba ya 2010 inasema mtu ni raia wa kuzaliwa ikiwa siku aliyozaliwa mama au baba yake ni raia. Mama *au* baba, mmoja anatosha. Na Ibara ya 12 inasema kila raia anastahili pasipoti na hati yoyote ya utambulisho ambayo serikali huwapa raia. Ukiunganisha ibara hizo mbili, msajili hana uhuru wa kuchagua kama atampa raia wa kuzaliwa kitambulisho au la. Ana uhuru wa kuhakikisha tu kwamba kweli huyu ndiye, na kweli mama yake ndiye. Sheria ya Usajili wa Watu inamruhusu kudai ushahidi zaidi akiwa na shaka. Akisharidhika na ukweli huo, hana hiari tena, amebaki na wajibu. Ndiyo maana katika kesi kama yenu, ushahidi ukiwa hauna utata, jaji anaweza kwenda mbali zaidi ya "mjibuni" na kusema "mpeni". Ushahidi ukiwa na utata, atasema "amueni, na muandike sababu". Wakili atakayekuahidi "mpeni" bila ushahidi usio na utata hakutakii mema.

Sasa, je, miaka miwili na ushei ni kuchelewa kwa kisheria? Watu hudhani kwa kuwa hakuna tarehe ya mwisho iliyoandikwa, ofisi inaweza kukaa na faili hadi Kiyama. Sivyo. Kifungu cha 58 cha Sheria ya Ufafanuzi wa Sheria, Sura ya 2, kinasema pale ambapo muda haukutajwa, jambo lifanyike bila ucheleweshaji usio na sababu. Ibara ya 47 ya Katiba inampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na maafisa wa serikali kwa haraka, kwa ufanisi, kwa kufuata sheria na kwa haki. Sheria ya Utendaji wa Haki wa Kiutawala ya 2015, iliyotungwa kuitekeleza ibara hiyo, imetaja waziwazi ucheleweshaji usio na sababu na kushindwa kuchukua hatua kuwa ni sababu za mtu kwenda mahakamani. Kunyamaza kwa serikali, mama, ni kosa linaloshtakika.

Jaji atauliza maswali ya kawaida: ni muda gani, kwa nini, nani kasababisha, na huyu mtu anaumia vipi. Hapo kwenye "nani kasababisha" ndipo kesi nyingi huanguka. Serikali itakuja na hati ya kiapo isemayo tulimwita alete cheti cha babake hakuleta, au alama za vidole zimegongana na za mtu aliyeandikishwa kambi ya wakimbizi, tukamsubiri hakutokea. Kama huna karatasi ya kuwapinga, neno lako na neno lao vitasimama sawasawa, na wao ndio wenye faili.

Kwa hiyo kabla ya wakili, kabla ya mbuzi, andikeni barua. Nalisema hili kwa uzito wote. Iko kesi ya Bukoba, Tanzania, iliyoripotiwa mwaka 1986, ya mfanyabiashara dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, ambamo Jaji Mwalusanya aliyapanga masharti ya amri hii. Sharti mojawapo: mwombaji awe amedai kwa afisa huyo atimize wajibu wake, na afisa awe amekataa. Haiwafungi majaji wa Malindi, lakini mafundisho ni yale yale huku kwetu. Safari zenu zote za pale dirishani, zile za "njoo kesho", machoni pa mahakama hazipo, kwa sababu hazikuandikwa popote.

Barua yenyewe isiwe ya kulia wala ya kutukana. Iandikwe na mwanao, kwa Kiswahili au Kiingereza, iende kwa msajili wa hapo Malindi na nakala kwa Msajili Mkuu Nairobi. Iseme hivi tu:

*"Niliomba kitambulisho katika ofisi yenu tarehe fulani, nambari ya karatasi yangu ya kusubiria ni hii. Nimeambatisha nakala ya karatasi hiyo, cheti changu cha kuzaliwa, kitambulisho cha mama yangu, na kitambulisho na cheti cha kifo cha baba yangu. Hadi leo sijapewa kitambulisho, sijaandikiwa kwamba nimekataliwa, wala sijaombwa hati nyingine yoyote. Chini ya Ibara ya 47 ya Katiba naomba ombi langu liamuliwe nami nijulishwe kwa maandishi ndani ya siku 21. Kama kuna hati inayokosekana, naomba mnitajie ni ipi. Kama mmekataa, naomba sababu kwa maandishi."*

Kila sentensi hapo ina kazi yake. Ile ya "wala sijaombwa hati nyingine yoyote" inawafunga mapema: kama si kweli, waseme sasa, si siku ya kesi. Ile ya "kama mmekataa" inatatua fumbo la faili lililozikwa. Pigeni chapa nakala mbili. Moja wabaki nayo, ya pili igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, na aliyepokea aandike jina lake. Wakikataa kugonga muhuri, msigombane nao. Itumeni kwa posta ya rejista na mtunze risiti. Na mkiwa pale ofisini, tazameni ukutani. Ofisi za serikali hubandika mkataba wa huduma unaosema huduma fulani huchukua siku kadhaa. Pigeni picha. Mkataba ule si sheria, lakini ni mdomo wao wenyewe unaosema ni muda gani unaofaa.

Wakati siku 21 zinakwenda, fungua njia ya pili isiyo na gharama: ombi la taarifa. Ibara ya 35 inampa raia haki ya kupata taarifa zilizo mikononi mwa serikali, na Sheria ya Upatikanaji wa Taarifa ya 2016 inawapa siku 21 za kujibu. Tatizo ni kwamba haki hiyo ni ya raia, na mwanao hana cha kuonyesha kuwa ni raia. Ndicho kile anachokiomba! Basi omba wewe mama, kwa kitambulisho chako, ukiambatisha barua ya mwanao ya kukuruhusu. Uliza mambo mawili matatu yasiyoweza kujibiwa kwa "subiri": faili limefika ofisi gani na tarehe ipi, kamati iliyomhoji iliandika pendekezo gani, kuna pingamizi lolote dhidi yake, na ni lipi. Wasipojibu katika siku hizo, sheria inachukulia kuwa wamekataa, na una siku 30 za kuomba marejeo kwa Tume ya Haki ya Utawala, ambayo wengi tunaijua kama ofisi ya Ombudsman.

Tume hiyo hiyo hupokea pia malalamiko ya kucheleweshwa, bila malipo, na ina madawati katika baadhi ya vituo vya Huduma. Wako wanaoidharau kwa sababu haifungi mtu jela. Mimi siidharau. Barua yake humfikia mkubwa ambaye barua ya mwananchi haifiki mezani pake, na mara nyingine faili huamka hapo hapo. Zaidi ya hayo, sheria ya 2015 inasema mahakama isisikilize shauri kabla njia za ndani hazijakwisha, isipokuwa kwa hali za kipekee ambazo jaji ataziruhusu. Anayeruka hatua hizi hupoteza miezi, kisha anarudishwa alikotoka.

Kuhusu yule kijana wa kitu kidogo: usimpe. Sheria ya Hongo ya 2016 inamshika mtoaji sawa na mpokeaji, na wewe ndiye utakayekuwa na anwani inayojulikana. Hata tukiacha sheria kando, pesa ile haiachi maandishi yoyote. Ukishalipa, kila siku inayopita inakuwa siku uliyokuwa "unashughulikiwa", nawe huwezi kusimama mbele ya jaji ukaeleza kwa nini ulinyamaza.

Tuseme sasa barua zimekwenda, majibu hakuna. Njia ya mahakamani iko wazi, na ina mambo ambayo hukuambiwa. Ibara ya 22 inasema kesi ya kutetea haki zilizo katika Katiba haitozwi ada ya kuifungua. Kanuni za 2013 zinazoongoza kesi hizo, zilizotolewa na Jaji Mkuu Willy Mutunga, zinaruhusu mahakama kupokea hata barua ya kawaida, au maelezo ya mdomo yakaandikwa, ilimradi yaonyeshe haki gani imevunjwa. Ibara hiyo ya 22 pia inaruhusu mtu kushtaki kwa niaba ya mwingine asiyeweza kusimama kwa jina lake mwenyewe. Kwa hiyo karani akisema mwanao hawezi kuapa kiapo bila kitambulisho, wewe unaweza. Utakachogharamia ni wakili, nakala na usafiri. Ukishindwa kesi unaweza kuamriwa ulipe gharama za upande wa pili, ingawa katika mashauri ya haki za msingi majaji husita kumtwisha mzigo huo mwananchi aliyekuja kwa nia njema.

Iko pia njia ya zamani ya mapitio ya mahakama, yaani jaji kukagua tendo la afisa wa umma, chini ya Amri ya 53 (hapa "Amri" ni sehemu ya kanuni, si amri ya jaji) ya Kanuni za Mashauri ya Madai. Ukipitia hiyo utaona kesi imeandikwa "Jamhuri dhidi ya Msajili Mkuu, kwa ombi la" mwanao. Usishtuke. Ni utaratibu wa kale: dola yenyewe ndiyo inayomwita mtumishi wake ajieleze, na mwanao ndiye aliyeileta habari. Njia ipi ifuatwe, mwachie wakili. Wewe hakikisha tu maombi yameandikwa kwa ngazi: kwanza, mpeni kitambulisho, ikiwa mahakama haitakubali hilo, basi muamue ndani ya siku zilizotajwa na mtoe sababu kwa maandishi, na kama kuna uamuzi wa kukataa uliofichwa, uletwe mahakamani utenguliwe. Amri isiyo na idadi ya siku ni karibu na bure.

Hofu yako ya mwanao kuwekewa alama naielewa, na sitakwambia maafisa wote ni malaika. Lakini shauri hili si la jinai. Anayeshtakiwa ni ofisi, wala si karani unayeonana naye dirishani, na anayekuja kuitetea ni Mwanasheria Mkuu. Faili likishafika mahakamani, kulipoteza au kuliharibu kunakuwa kugumu zaidi kuliko lilipokuwa kabatini bila mtu kulifuatilia. Wala si ajabu kitambulisho kikatoka wiki chache baada ya hati za kesi kupelekwa, kesi ikafungwa bila hukumu. Hilo likitokea, kipokee, kihakikishe herufi kwa herufi na cheti cha kuzaliwa, ndipo ukubali kesi ifungwe.

Jambo gumu ni amri kutolewa na kupuuzwa. Hutokea. Mwaka 2018, katika sakata la Miguna Miguna, wakili na mwanasiasa aliyefukuzwa nchini, Mahakama Kuu iliamuru mara kadhaa aruhusiwe kuingia nchini, ikapuuzwa. Jaji George Odunga akawapata Waziri wa Usalama wa Ndani, Inspekta Jenerali wa Polisi na Katibu wa Uhamiaji na hatia ya kudharau mahakama, akawatoza kila mmoja shilingi 200,000. Hata hivyo Miguna hakurejea hadi Oktoba 2022. Kesi ya mwanao haina siasa hiyo, na afisa wa usajili hana sababu ya kubeba faini kwa ajili ya kadi ya kijana wa Malindi. Lakini ili mlango wa kudharau mahakama ufunguke, ni lazima amri imfikie afisa anayehusika, ikiwa na onyo la adhabu juu yake, na uwepo ushahidi kwamba alipelekewa. Mwulize wakili mapema nani atafanya kazi hiyo.

Kwa hiyo mbuzi abaki zizini kwa sasa. Barua, ombi la taarifa na malalamiko kwa Tume vinakwisha kwa miezi michache, kwa nauli na nakala tu. Kama ni lazima kwenda mahakamani, anza na wanaosaidia bila malipo au kwa malipo madogo: Kituo Cha Sheria na shirika la haki za binadamu la MUHURI, wote wana kazi zao huku Pwani, na pia Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria iliyoundwa na sheria ya 2016. Nenda kwao kwa miguu yako, usiishie kwenye simu, kwa sababu karatasi za kuzaliwa na majina ya ukoo huku kwetu zinahitaji jicho la mtu: Mohamed aliyeandikwa Muhammad, jina la babu lililorukwa, tarehe ya hospitali isiyolingana na ya cheti. Tofauti ndogo kama hizo hukwamisha faili kimyakimya, na hurekebishwa nje ya mahakama kwa bei nafuu.

Wasomaji wa Tanga na kwingineko Tanzania, msichukue tarehe zangu za Kenya. Kwenu ni lazima kuomba kibali cha Mahakama Kuu kwanza, ndani ya miezi 6 tangu tendo au kutotenda mnakolalamikia, na kibali kikitoka mna siku 14 za kufungua maombi yenyewe. Miezi hiyo huisha mtu akiwa bado anaambiwa njoo kesho.

Usisubiri jibu la barua ili umwone wakili iwapo mwanao amekamatwa kwa kukosa kitambulisho, ameambiwa kwamba yumo katika orodha ya wakimbizi, au mtu ameichukua ile karatasi yake ya kusubiria akakataa kuirudisha. Hayo nenda nayo siku hiyo hiyo. Na ikija barua ya kukataa, usiichane kwa hasira. Iweke pamoja na bahasha yake, kwa sababu kwa Amri ya 53 ombi la kutengua uamuzi lina miezi 6 tu, na muhuri wa posta unaweza kuwa ushahidi wako pekee wa siku iliyokufikia.